Usimfunge Kombo, tuonyeshe aliyelipa

Swali limetoka kwa kijana mmoja wa Tanga. Nalifupisha, maneno ni yake:

"Mwalimu, shikamoo. Nimemaliza filamu yangu ya kwanza, ya dakika 40. Steringi, yaani mhusika mkuu, ni Kombo, nahodha anayeheshimika, aliyechaguliwa kwenye kikundi cha kijiji cha kulinda bahari. Anaanza kupokea bahasha za wapiga baruti, wale wanaovua kwa kulipua, na kufikia mwisho yeye ndiye anayewauzia habari za siku za doria. Niliwaonyesha wenzangu nyumbani. Kombo alipoikwepa boti ya doria usiku, wote waliruka juu wakashangilia. Mama yangu, ambaye hukaanga samaki pale soko la Deep Sea, alikuwa amekaa nyuma. Akasema: 'Umemfanya mwizi apendwe. Angalau mfunge mwishoni.' Je, nimfunge? Au nimpunguzie uzuri ili wasimpende?"

Marahaba, mwanangu. Filamu nimeitazama mara mbili, mara ya pili nikiwa na daftari mapajani, kwa hiyo nitakujibu kwa dakika na sekunde. Mama yako ameuona ugonjwa. Ninapotofautiana naye ni kwenye dawa. Usimfunge Kombo, wala usimpunguzie uzuri hata chembe. Kilichokosekana ni kitu kimoja: katika dakika 40 zote, mtu aliyebeba gharama ya bahasha za Kombo tumemwona kwa sekunde 4. Ni yule kijana mwenye bendeji mkononi anayepita nyuma ya Kombo mnadani. Nimerudisha nyuma mara tatu kuhakikisha.

Kwanza tuelewane kwa nini wenzako walishangilia, maana hawakushangilia kwa ubaya wa roho. Uliwapeleka huko mwenyewe, tena kwa ustadi.

Umetupa siri yake. Tunajua bahasha iko chini ya godoro. Mkewe hajui, mwenyekiti wa kijiji hajui, doria haijui. Mtu ukishamfichia siri umekuwa upande wake hata kabla hujaamua. Kisha umemfanya hodari. Kombo ananusa kusi linapogeuka, anaujua kila mlango wa miamba gizani, anazima mashine na kuiacha boti ielee na mkondo huku wenzake wakibana pumzi. Mtu hodari wa kazi yake tunampenda tu, awe seremala, awe mwizi. Tena umemdhulumu kabla hajadhulumu: kuna ada ya chuo cha uuguzi ya binti yake, kuna mnunuzi anayempunja kwenye mzani. Na ulipomaliza kazi kabisa ni pale ulipomkutanisha na yule askari wa doria asiyejua hata kumwamkia mzee. Kati ya mzee mwenye staha na kijana mwenye kiburi, mtazamaji wa Pwani hana pa kuchagua. Kwetu adabu hupimwa kabla ya sheria.

Hizo si hila chafu. Watu wa rika langu tulizila bila kujua, tena kwa Kihindi tusichokielewa neno. Katika Deewaar, filamu ya Yash Chopra ya 1975, Vijay anayeigizwa na Amitabh Bachchan anaishia kuwa mkubwa wa magendo. Lakini kabla ya hapo tumemwona mtoto, anang'arisha viatu barabarani, na tajiri anamrushia malipo yake chini. Mtoto anagoma kuokota: apewe mkononi. Baadaye akiwa kuli bandarini, beji anayovaa ina namba 786, na hapo hakuna mtoto wa chuo cha Kurani pwani hii aliyehitaji mkalimani, kwa sababu namba hiyo tunaijua kuwa ni hesabu ya Bismillahi. Filamu imemfungia ndani ya mhalifu mmoja mtoto aliyedhulumiwa, heshima yake na baraka yake, na haitupi nafasi ya kuvitenganisha. Mwisho anapigwa risasi na polisi ambaye ni ndugu yake wa tumbo moja, anafia mapajani mwa mama yao. Sasa muulize yeyote aliyeitazama enzi hizo. Atakuonyesha Vijay alivyotembea. Alivyokufa hakumbuki mpaka umkumbushe.

Hapo tayari una jibu la jela, ila nikuongezee la Wamarekani, kwa sababu wao waliijaribu dawa ya mama yako kwa kanuni zilizoandikwa. Mwaka 1930 studio za Hollywood zilikubaliana kanuni za maadili, na kuanzia 1934 zikasimamiwa kwa ukali: uhalifu usionekane una faida, wala mtazamaji asivutwe kuuonea huruma. Zilidumu mpaka 1968. Hata kabla ya ukali huo, filamu ya majambazi ya 1931 iitwayo The Public Enemy ilifunguliwa kwa maandishi ya kueleza kwamba haikusudii kumtukuza mhalifu, ikafungwa kwa maiti ya jambazi, imezongwa bendeji, imesimamishwa mlangoni kwao. Mlango unafunguliwa, inaanguka ndani kifudifudi. Adhabu kubwa kuliko hiyo utaitoa wapi? Lakini James Cagney, aliyemwigiza jambazi huyo, alitoka mle akiwa nyota. Dakika 80 za kumpenda mtu hazifutwi na dakika 2 za mwisho. Ukimfunga Kombo leo, wenzako watasikitika kwamba amekamatwa, basi.

Na kumpunguzia uzuri? Hapa nataka nikupeleke Machui, si mbali na kwenu, alikozaliwa Shaaban Robert mwaka 1909. Katika Adili na Nduguze, ndugu wawili wabaya wanaitwa Hasidi na Mwivu. Msomaji hasubiri kuambiwa nani ni nani. Njia hiyo naiheshimu sana, ina nguvu yake: badala ya kukisia watu, unatulia ukatafakari haki yenyewe. Lakini tazama mzee alichokiweka katikati ya kisa. Adili, mwenye jina la uadilifu, ana manyani wawili anaowachapa kila usiku, na manyani hao ndio nduguze waliogeuzwa. Anachapa kwa amri ya majini, naye anaumia kwa kila anachowafanyia. Hata mwandishi aliyewapachika watu wake majina kwenye paji la uso alijua kwamba kisa kinashika moto pale mtu mwema anapokuwa na kiboko mkononi.

Wewe huna paji la uso la kuandikia. Ukimfanya Kombo mkali kwa mkewe, mlafi, mwenye macho mekundu, mtazamaji atasema "huyo si mimi" na atakwenda kulala salama. Kombo anatisha kwa sababu ni mzee ambaye sote tungempa shikamoo. Wahakiki humwita mhusika wa namna hii shujaa kinyume. Mimi nimebaki na neno la vibandani, steringi, ila steringi anayepinda mbele ya macho yetu. Na kupinda huko ndiko nilikotaka tufike, kwa sababu ndiko filamu yako ilikoharakisha.

Chukua tukio la bahasha, dakika ya 11. Gari jeusi, mtu mwenye miwani, bahasha nene, Kombo anatetemeka, muziki unapanda. Nimekaa na wavuvi kiasi cha kutosha kujua kwamba bahasha huja mwishoni. Kinachotangulia ni kitoweo.

Samaki wa baruti anajulikana. Ukimbonyeza mgongoni nyama inalegea kama iliyopondwa, uti umevunjika, na ukimpasua unakuta damu imevilia tumboni. Mama yako anamjua kwa vidole, hana haja ya kumpasua. Sasa piga hivi. Jioni, Kombo anarudi kutoka kwenye kikao cha kikundi, alikosema maneno makali dhidi ya baruti mpaka watu wakapiga makofi. Barazani kwake kuna changu watatu wametungwa kwenye ukindu. Hakuna aliyemwona aliyewaleta. Mkewe amefurahi, leo kitoweo kimejileta chenyewe. Kombo anamwinua mmoja, kidole gumba kinapita mgongoni mwa samaki, kinafika katikati, kinasimama. Kamera ibaki kwenye kidole. Tumeona kwamba amejua. Mkewe anauliza kutoka jikoni: "Nikaange au nitie nazi?" Kimya cha pumzi mbili. Kisha Kombo: "Tia nazi." Picha inayofuata wanakula, na binti anaomba aongezewe mchuzi.

Hakuna muziki, hakuna miwani, hakuna hata shilingi. Lakini mtazamaji wa Tanga, mke wa mvuvi, mchuuzi wa ndoo, atashika kifua pale kidole kinaposimama, kwa sababu naye amewahi kunyamaza mbele ya kitoweo. Baada ya hapo bahasha inaweza kuja dakika ya 20, iwe nyembamba, ipokewe kama mtu anayerudishiwa deni lake. Na yule mtu wa miwani mwondoe kabisa. Anayempa awe kijana ambaye Kombo mwenyewe alimfundisha kuogelea.

Jingine ni maneno yake. Umemwandikia Kombo neno "rushwa" dakika ya 5, na tena dakika ya 38. Mtu aliyekwisha kuionja halitamki tena neno hilo. Acha ulimi wake uoze pamoja naye. Mwanzoni aseme rushwa, kwa sauti, kikaoni. Baadaye iwe chai. Kisha iwe ya mafuta ya boti. Mwisho, siku walipochelewesha, aifuate mwenyewe na aseme: "Nimekuja kuchukua haki yangu." Nakuhakikishia neno hilo "haki", likitoka kinywani mwake kwa upole, litaumiza kuliko pingu. Na mpe methali. Kijana wa kikundi anapomuuliza mbona doria haikamati mtu siku hizi, Kombo acheke na kusema mkono mtupu haulambwi, wazee wote wacheke naye, na swali life hapo hapo. Kiswahili chetu kina akiba kubwa ya hekima, na akiba hiyo hiyo mtu anaweza kuitandika akalalia. Sijaiona filamu yetu iliyolishika jambo hili sawasawa, na wewe una sikio la kulishika.

Kisha mfungulie mlango wa kutokea, na aukatae. Katika tamthilia ya Marekani Breaking Bad, iliyoonyeshwa kuanzia 2008 hadi 2013, mwalimu wa kemia mwenye saratani anatengeneza dawa za kulevya kwa hoja kwamba anaiachia familia yake fedha. Mapema kabisa, rafiki wa zamani mwenye mali anajitolea kumpa kazi na kulipia matibabu yake. Anakataa, kwa kiburi. Hoja ya familia anaendelea kuibeba mdomoni miaka yote, ila sisi tumekwisha kuiona imekufa. Kombo wako hana mlango kama huo. Ada ni kubwa, hana pa kuitoa, anapokea, na sisi tunamhurumia mpaka mwisho. Lakini umeshatuonyesha kwamba mkewe yumo kwenye kikoba. Basi wanawake wa kikoba wakubali kumkopesha ada yote. Mke alete habari usiku, ana furaha, fedha ziko kwenye khanga. Na Kombo aseme: "Mtoto wangu asomeshwe na vikoba vya wanawake?" Kuanzia hapo bahasha si za ada tena. Ni za Kombo.

Sasa nirudi kwenye zile sekunde 4, kwa sababu ndizo zilizonifanya nikuandikie kwa urefu hivi.

Unakumbuka kisa cha Fumo Liyongo kama kinavyosimuliwa. Mwanawe mwenyewe ndiye aliyemuua, kwa sindano ya shaba, kitovuni, baba akiwa amelala. Aliahidiwa kuozwa binti wa mfalme. Baba alipoulizwa siri ya kifo chake alihisi kwamba mwanawe amedanganywa, na bado akamwambia. Huyo kijana ndiye aliyeharibika katika kisa kile, na ungetarajia msimuliaji amfuate yeye, amwonyeshe akipata au akikosa alichoahidiwa. Anamgusa kwa ufupi tu. Anachokaa nacho ni kisima. Liyongo, kabla hajakata roho, alikwenda akapiga goti karibu na kisima na mshale wake kwenye uta, akafia hivyo hivyo. Watu wa mji wakimwona wanadhani yu hai, hakuna anayethubutu kuteka maji. Mji mzima unashikwa na kiu. Mpaka mama yake anapelekwa kumbembeleza, naye hajui kwamba anabembeleza maiti.

Tazama kazi hiyo. Kijana mmoja ameuza baba kwa ndoa, na gharama yake haikuandikwa usoni mwake. Imeandikwa kwenye ndoo tupu za watu ambao hawakuuza chochote, na kwenye sauti ya bibi anayemwimbia mwanawe arudi. Wazee wetu walijua pa kuiweka kamera kabla kamera haijazuliwa.

Mwongozaji wa Marekani, Coppola, alifanya jambo la jamaa na hilo katika filamu ya The Godfather, 1972. Michael, mtoto wa familia ya majambazi, mwanzoni anamwambia mchumba wake kwamba mambo yale ni ya familia yake, si yake. Mwishoni amekuwa mkubwa wao, amemdanganya mke huyo huyo machoni, watu wanambusu mkono. Picha ya mwisho ya filamu haikupewa Michael. Ni uso wa mkewe, na mlango unamfungia nje.

Kwa hiyo lile tukio la kukwepa doria usikate hata sekunde. Liache lilivyo, waache wapige kelele, ni tukio zuri na ulilipiga kwa taabu. Ila mara boti ya doria inapotokomea na Kombo anapofuta jasho, mlipuko usikike kwa mbali, mzito, chini ya maji, kama mlango uliofungwa nyumba ya tatu. Kombo asigeuke. Kata. Alfajiri, maji yamekupwa, bibi mmoja na mjukuu wake wanatembea mwambani kutafuta pweza, fimbo mkononi. Bibi anachokoa tundu analolijua tangu usichana wake. Halipo. Matumbawe yamekuwa kokoto. Anachokoa la pili. Mjukuu anamuuliza kitu, hajibu. Wape dakika 3 nzima, bila muziki, sauti ya fimbo tu kwenye kokoto. Wenzako waliokuwa wameruka juu watakuwa bado wamesimama, na hawatajua wakae vipi. Hapo filamu yako itakuwa imewashika mkono na shangwe yao wenyewe ndani yake.

Na yule kijana wa bendeji awe ndiye aliyempa Kombo bahasha ya kwanza, yule aliyefundishwa naye kuogelea. Baruti haichagui, wavuvi wa pwani yote wanawajua watu waliobaki na vidole viwili. Siku anapokuja mnadani na mkono uliofungwa, Kombo ambaye humwamkia kila mtu amwone, ageukie kwenye mzani, aulize bei ya kolekole. Hiyo ndiyo adhabu ninayoitaka. Mzee wa staha ameshindwa kuamkia.

Utaniuliza kuhusu Bodi ya Filamu, iliyoundwa kwa sheria ya 1976 na yenye kazi ya kukagua na kupanga madaraja ya umri. Usiandike kwa kuwaogopa. Peleka mswada wenye matukio haya, eleza kwa maandishi umekusudia nini, na uombe daraja linalofaa. Linaloniumiza kichwa zaidi ni vibanda umiza, yale mabanda ya mitaani ya kuonyeshea filamu. Filamu ikifika kule na msimuliaji akaweka sauti yake juu, anaweza kumfanya Kombo shujaa kwa maneno matatu tu, na wewe hutakuwepo. Ndiyo maana nasisitiza kimya. Dakika 3 za fimbo kwenye kokoto ni vigumu kwa mtu kuzisemea.

Anza kupiga tukio la kitoweo, kabla ya mengine yote, kwa sababu likikataa utajua mapema. Changu awe wa siku hiyo hiyo, aliyevuliwa kwa mshipi. Wa barafu hulegea kote na kidole cha mwigizaji hakitakuwa na mahali pa kusimama. Mgongo ukauvunje wewe mwenyewe nje ya kamera. Na kwa mke wa Kombo usitafute mwigizaji. Muulize mama yako kama atakubali kusimama jikoni na kumpokea samaki yule. Usimwambie mgongo umevunjika. Mpe tu mkononi, kamera iwe inazunguka.